Maji ya Stallcup

Wameniomba maneno ya kuchonga kwenye jiwe,
yasizidi kumi na mawili; fundi analipwa kwa herufi.
Mimi niliyempigia chapa miaka ishirini na miwili
barua za bei ya pamba, za pensheni ya wajane,
za mzee aliyetaka serikali imrudishie nyumbu wake,
nashindwa na maneno kumi na mawili.

Orrin Stallcup alizaliwa Harmon Bend, Arkansas, kwenye kona ya mto,
mwaka ambao mafuriko yalibeba mabanda ya kuku
na kinanda cha Wamethodisti.
Alisomea sheria kwa kibatari;
nyusi ya kushoto ikaungua, isiote tena sawasawa.
Picha zote za kampeni zinamwonyesha upande wa kulia.

Washington alipanga chumba nyuma ya stesheni,
chumba kile kile mpaka mwisho,
akifua soksi kwenye beseni,
akichonga penseli kwa kisu cha mfukoni
huku wenzake wakiwahutubia wapiga picha.
Bungeni alisimama kusema mara saba tu, nilihesabu,
na mara mbili kati ya hizo aliomba dirisha lifungwe.

Lakini mswada wa bwawa aliubeba
kama mtu abebaye mtoto mwenye homa usiku,
mlango hadi mlango, kamati hadi kamati,
akitoa kura yake ya ngano apate kura ya saruji.
Barua za biashara hiyo niliziandika mimi. Sijifanyi sikujua.

Wahandisi wakaleta ramani.
Mstari wa buluu ulipita juu ya Harmon Bend,
juu ya duka la Ferrell, juu ya shule,
juu ya kaburi la Hettie, mama yake.
Aliutazama tangu chakula cha mchana
hadi taa za barabarani zikawaka.
Kisha: Velda, nyumba ngapi kwetu hazina umeme?
Elfu kumi na moja na ushei, nikamwambia.
Husemwa ukiyavulia maji nguo huna budi kuyaoga.
Haisemwi ufanyeje
ikiwa aliye chini ya maji hayo ni mama yako.

Jina lake lilipoitwa alijibu ndiyo,
kwa sauti ndogo mno; karani akamwomba arudie.

Makaburi yalifukuliwa kwa mkandarasi.
Alikwenda mwenyewe, kofia mkononi.
Katika sanduku jipya la msonobari, refu kama mkono,
wakaweka vifungo vitatu, kitana na udongo mweusi.
Akatia sahihi ya kupokea.
Serikali hutaka sahihi kwa kila kitu.

Taa zikawaka milimani.
Bibi Ona Treece aliandika kwamba usiku wa kwanza alilia
alipoona jikoni kwake palivyokuwa pachafu miaka yote.
Barua hiyo hakuniruhusu niiweke kwenye faili.
Watu wa Harmon Bend hawakuandika.
Walisubiri Novemba,
wakampa kura Doyle Maness, muuza matrekta,
akashinda kwa mia moja na sita.
Wana haki, alisema, akaanza kukusanya penseli.

Kiangazi cha hamsini na nne ziwa lilikauka nusu.
Ngazi za kanisa zikatokeza, watu wakaja na magari kuzitazama.
Yeye alikunja suruali, akaingia kwenye tope,
akaketi ngazi ya tatu, akala sandwichi ya vitunguu,
hakusema na mtu.
Alirudi na kitasa cha mlango wa duka la Ferrell.
Ndicho hiki kinachozuia karatasi zangu.

Fundi amepiga simu tena.
Nimemsomea: Orrin Stallcup. Alisema ndiyo mara mbili.
Ananiuliza, ndiyo ya nini?
Nimemwambia achonge tu.